Ng'ombe wa Ukurasa wa Sitini na Moja

Nimeacha kazi mwezi uliopita nikiwa na miaka thelathini na tatu, na watu wakiniuliza nasema nimestaafu. Wanacheka. Mama mwenye duka chini ya ofisi yetu pale Kamunyonge aliniuliza kama sasa nitakuwa napita dirisha la wazee hospitalini. Sina neno jingine. Kwa miaka kumi na moja nimekaa na hedifoni masikioni nikiandika maneno ya watu yaliyorekodiwa, na sasa sikio la kushoto linalia lenyewe kama birika la chai, hata chumbani pasipokuwa na mtu. Daktari amesema basi. Kiti changu amekaa Happy, na funguo za kabati la daftari anazo Rejina. Nawaandikia nyinyi wawili, na yeyote atakayekuja baada yenu akidhani kazi ile ni kuchapa tu.

Vyeo sitavitaja, maana ofisi ya watu watatu haina vyeo. Nitaanza na uongo niliousema siku ya kwanza, kwa sababu umenisumbua kuliko mambo mengi makubwa.

Nilikuwa nachapa barua kwenye steshenari karibu na stendi ya Musoma: barua za kuomba kazi, barua za kumlalamikia mtendaji, ratiba za misiba. Hakuna aliyenifundisha kompyuta. Nilijifunza kwa kitabu cha maelekezo kisicho na jalada. Kiswahili cha kuandika nilikipata kwenye kamusi, niliyoisoma ukurasa kwa ukurasa kila siku baada ya kazi, kwa sababu matokeo yangu ya kidato cha nne yalikuwa ya kuficha na niliogopa kwamba siku moja atakuja mtu anigundue. Mtu huyo bado namngoja.

Aliyekuja alikuwa Mama Prisca. Nyinyi mnamjua akiwa mtu wa kualikwa na kupewa kipaza sauti. Wakati ule alikuwa mkunga aliyeacha kazi, mwenye daftari nne zilizofungwa pamoja kwa mpira. Alikuwa amezunguka vijiji akiwasikiliza wanawake: waliopigwa, waliokeketwa, waliofukuzwa mashambani baada ya waume zao kufa. Aliamini kwamba mtu akisimulia jeraha lake, likaandikwa vizuri na akasomewa, anaanza kupona. Alitaka vitabu vitatu: cha uponyaji, cha haki, na cha mwanamke kusimama kwa miguu yake.

"Unaweza kupanga kitabu?" aliuliza.

"Naweza," nikasema. Sikuwa nimewahi kupanga hata kijitabu cha nyimbo za kwaya.

Baada ya siku tatu alirudi kuangalia kurasa za kwanza. Alisoma akiwa amesimama, kidole juu ya karatasi.

"We binti, hapa mimi niliandika 'walinifanyia'. Mbona umeweka 'walimfanyia'?"

"Kwa sababu juu umeanza na msichana mmoja, mama. Unasema yeye, yeye, halafu ghafla mimi."

"Nani kakutuma usome? Nilikwambia chapa."

"Siwezi kuchapa bila kusoma, mama."

Alikunja zile karatasi taratibu. "Hapo chini sikukosea," akasema. "Nilikosea kule juu."

Wiki iliyofuata alinichukua nikafanye kazi kwake, na sikumwuliza kwa nini. Nadhani hakutaka mtu wa pili ajue.

Sasa nikiri jambo jingine. Sikumwamini. Hata baada ya siku ile, sikumwamini. Neno "uponyaji" lilinitia mashaka. Nililisikia kila wiki kutoka spika za mikutano ya injili, na waliokuwa wakilitamka walivaa viatu vizuri kuliko waliokuwa wakiponywa. Mama Prisca naye alivaa viatu vizuri. Nilijiuliza: mwanamke wa kijijini analia mbele ya kinasa sauti, mwanamke wa mjini anapata kitabu chenye jina lake. Nani kapona hapo?

Kwa hiyo nikaanza kumpeleleza. Utaratibu wetu ulikuwa huu: yeye anakwenda kijijini na kinasa sauti, anarudi, anaandika sura kwa mkono, mimi nachapa. Nikawa nasikiliza sauti yote upya, neno kwa neno, nikilinganisha na mwandiko wake. Nyuma ya daftari langu nilichora safu tatu: kaongeza, kapunguza, kanyamazia. Alipouliza nilisema ni kwa ajili ya usahihi. Nilitaka kumkamata.

Safu ya "kaongeza" ilibaki tupu mwaka mzima, na hilo liliniudhi. Ya "kapunguza" ilijaa. Jambo la kwanza alilopunguza ni vicheko. Kwenye sauti wanawake wanacheka hata katikati ya mambo ya kutisha. Mmoja alisimulia alivyojificha siku mbili ndani ya banda la kuku mpaka utitiri ukamla mwili mzima, akacheka mpaka akapaliwa. Kwenye daftari la Mama Prisca hakuna aliyecheka. Nikamwonyesha orodha.

"Wakicheka kwenye kitabu, watu watasema hawakuumia," akasema.

"Na wasipocheka, watasema umewatunga."

Alinitazama. "Weka. Weka vicheko vyote. Lakini ukikosea hata kimoja, Nyangeta, nakurudisha steshenari."

Nilijisifu moyoni kwa mwezi mzima. Muukumbuke ushindi huo mdogo, maana ndio ulioniharibu.

Kuhusu vifaa. Kinasa sauti kivisheni soksi mkiwa pwani ya ziwa, vinginevyo mtasikia upepo tu. Msifute jogoo, mbuzi wala pikipiki inayopita; andikeni dakika yake, ndizo alama zenu za kurudia mahali. Mtu akilia, andikeni dakika, simameni, nyweni maji. Msiandike "analia." Msomaji atajua. Na muwaachie watu "nilikuwaga" na "anasemaga" zao. Mwaka wa kwanza niliwasahihisha wote wakawa wanaongea kama watangazaji wa taarifa ya habari. Mama mmoja wa Bunda aliposomewa sura yake alisikiliza kwa adabu mpaka mwisho, kisha akauliza huyo anayeongea ni nani.

Aliyenifundisha kitabu ni kitu gani kwa mikono ni Mzee Magesa, mpiga chapa wa Manyamanyama kule Bunda. Alikuwa na mashine moja kuukuu ambayo aliiongelesha kama mke mkorofi. Kwake nilijua kwamba kurasa haziendi moja moja, zinakwenda kwa mafungu, na ukiongeza aya moja leo unaweza kusukuma kumi na sita kesho. Nilipoleta prufu, zile kurasa za kusahihisha, kwa mara ya tano kwa sababu ya mkato uliokuwa umekaa vibaya, aliushika ule ukurasa juu ya dirisha akautazama kwa muda mrefu.

"Mwanangu, huu mkato ukiachwa hapa, nani atakufa?"

"Hakuna, mzee."

"Basi na wewe usife."

Vitabu alivyopiga hakuvisoma. "Nikisoma nitaanza kubishana," alisema, "na mashine haisubirigi mtu." Sikumwamini na yeye. Mpiga chapa asiyesoma? Niliona ni njia nzuri ya kujifanya hujui kitu.

Sasa kisa chenyewe. Mwenye kisa ameniruhusu, na bado nimebadilisha kijiji na mambo mengine ambayo sitayataja.

Tulikuwa kwenye kitabu cha pili, kile cha haki. Mama mmoja wa kijiji cha Butiama alikuwa na binti wa kidato cha kwanza. Ilipofika likizo ya Desemba, ukoo ukapanga binti akeketwe pamoja na wenzake. Binti akatoweka. Ukoo mzima uliamini alitoroka mwenyewe. Kinasa sauti chetu ndicho peke yake kilichojua kwamba mama ndiye aliyemtoa. Asubuhi na mapema alifungua zizi akatoa ng'ombe mmoja mzee, akisema anampeleka josho kwa sababu ya kupe. Binti aliinama upande wa pili wa ng'ombe, wakatembea hivyo, mama huku, ng'ombe katikati, mtoto kule, wakapita uani kwa shemeji yake mpaka barabarani, ambako mtu wa Mama Prisca alikuwa anangoja na pikipiki. Mama akarudi na ng'ombe wake, na mchana akalia pamoja na wenzake kwamba mtoto kapotea. Binti alikuwa mbali, anajifunza kushona.

"Wakijua," anasema kwenye sauti, "siku hiyohiyo narudishwa kwetu, na kwetu hakuna mtu amebaki. Na mtoto watamfuata. Watamfuata mpaka wampate."

Habari za mumewe alizitaja mara moja tu: "Baba yake ni mtu wa kunyamaza." Niliandika pembeni kwa penseli: huyo ndiye wa kuogopwa.

Mama Prisca alibadilisha jina la mama, kijiji, umri wa binti, idadi ya watoto. Kuhusu ng'ombe aliandika neno moja: ng'ombe. Lakini kwenye sauti yule mama alimweleza kwa karibu dakika mbili, kwa upendo kama anaeleza mtu. Mweupe, mwenye mabaka ya kahawia yaliyoanzia shingoni yakamwagika mgongoni. Pembe ya kushoto imeshuka mpaka karibu na jicho. Mzee, hana kazi tena, lakini hauzwi.

Kapunguza, nikaandika.

Niwaeleze mimi ni mtu wa wapi. Kwetu ni Mugango. Nyumbani tulikuwa na nyavu na mihogo. Nionyeshe sato na furu, nitakwambia hata upande wa ziwa walikotoka. Ng'ombe kwangu alikuwa mnyama mkubwa anayekuzuia njiani. Mama Prisca alikuwa safarini wiki ile, na prufu zilikuwa zinasubiriwa Bunda. Nikaurudisha ule mwili wote wa ng'ombe, mabaka, pembe na uzee, nikaupanga vizuri sana kwenye ukurasa wa sitini na moja. Sikumwuliza mtu. Niliisoma ile aya kwa sauti peke yangu ofisini na nikaona kwamba hakuna kitabu chetu kilichowahi kuwa na aya nzuri kama ile.

Kitabu kikatoka. Vikundi vya akina mama Butiama vikapelekewa. Wiki ya tatu simu ya ofisi ikalia, nikapokea mimi.

"Wamenijua," sauti ikasema. Niliitambua mara moja. Nilikuwa nimeishi nayo masikioni mwezi mzima.

"Nani kakujua, mama?"

"Shemeji. Binti yake wa sekondari alikuwa anamsomea kile kitabu chenu. Ameita kikao Jumamosi." Ikakatika.

Nilifanya nilichozoea kufanya. Nilitafuta wa kumshuku. Mama Prisca alipenda kusimulia mikutanoni. Huenda alisahau akataja kijiji. Mzee Magesa alikuwa na ndugu kila mahali. Nikaanza na huyo wa pili, kwa sababu nilimwogopa kidogo zaidi yule wa kwanza. Nikaenda Bunda na kitabu mkobani.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba. Mbona umekuja na uso wa polisi?"

"Ulimwambia nani habari za kitabu?"

"Kitabu kipi? Tangu mwezi uanze napiga kadi za harusi."

"Kuna mtu wetu amejulikana. Na wewe una ndugu Butiama."

"Nina ndugu Butiama, nina ndugu Serengeti, nina na wengine makaburini. Sisomagi, Nyangeta. Nimekwambia mara ngapi?"

"Basi soma leo."

Alijifuta wino kwa kitambaa, akavaa miwani, akasoma ukurasa wa sitini na moja. Kwanza alitabasamu.

"Huyu ng'ombe kaandikwa. Namwona kabisa. Nani kamwandika?"

"Mimi," nikasema, na hata saa ile nilijisikia vizuri.

Kisha tabasamu likamtoka. "Jina la mama mmebadilisha?"

"Ndiyo."

"Kijiji?"

"Ndiyo."

"Na ng'ombe?"

"Ng'ombe ana nini cha kubadilisha?"

Alivua miwani. "We mtoto wewe. Taja jina lolote la mwanamke, wako mia. Mweupe mwenye mabaka hivi, pembe ya kushoto imekuja jichoni, mzee na hauzwi, huyo ni mmoja. Mimi sikai kule, lakini nikienda mnadani leo nikamwulizia, nitapelekwa mpaka mlangoni. Shemeji miaka yote anamwona huyo ng'ombe akipita uani kwake. Hukumficha mtu hapa. Umemshika mkono ukamwonyesha."

Nilikaa juu ya robota la karatasi. Sitasema nilichohisi. Nitasema tu kwamba niliukumbuka ule mkato na swali lake la dirishani.

Kumwambia Mama Prisca kulikuwa kugumu kuliko nilivyotarajia, kwa sababu hakupiga kelele.

"Huko kulinganisha ulianza lini?"

"Kitabu cha kwanza."

"Ulidhani nadanganya."

"Ndiyo, mama."

"Na ng'ombe ulidhani nimemsahau."

"Nilidhani umempunguza."

"Nilimpunguza," akasema. "Sisi kwetu walifuga."

Tulimpata yule mama kwa simu ya mwenye mashine ya kusaga, akiwa kwenye foleni na mtama wake. Aliongea kwa haraka, na nyuma yake mashine inanguruma. Mama Prisca asije, alisema, wakimwona tu wataamini kila neno. Aje yule aliyeandika. Aseme ng'ombe amemtunga.

Nilimgeukia Mama Prisca. "Nikisema nimetunga ng'ombe, watasema nimetunga yote. Wale wanawake wengine kumi na mmoja walioko humo nao wataitwa waongo."

"Najua."

"Miaka yote umesema ukweli ndio unaoponya."

"Nyangeta, kitabu kikiitwa cha uongo nitaandika kingine. Huyu akifukuzwa, mtoto wake watampata. Nenda."

Mzee Magesa alijitolea kunisindikiza. Alivaa koti. Tulipofika uani kwa shemeji, wazee walikuwa saba kwenye viti vya plastiki, na Mzee Magesa akawasalimu mmoja mmoja kwa lugha yao, akauliza mvua, akauliza malisho, akauliza ndama, mpaka nikadhani amesahau tulichofuata. Yule mama alikuwa amekaa chini karibu na ghala, hatutazami. Mume wake, mtu mwembamba mwenye kofia ya sufu, alikaa kwenye kigoda pembeni akimenya kijiti kwa kisu. Nilimwangalia kisu zaidi ya uso.

Shemeji, ambaye ni kaka mkubwa wa mume, alikuwa na kitabu. Alikuwa ameweka bua la nyasi kwenye ukurasa wa sitini na moja.

"Wewe ndiwe mwandishi?"

"Ndiyo, baba."

"Ng'ombe huyu umemtoa wapi?"

"Nilimtunga. Nilipita huku siku moja nikaona ng'ombe barabarani, nikampenda, nikamtia kwenye hadithi."

"Hadithi? Humu mmeandika ni ushuhuda."

"Tuliandika hivyo ili watu wasome."

Hilo lilitoka kinywani mwangu, mimi niliyehesabu vicheko. Nilikuwa nimejiandalia maswali thelathini na mawili na majibu yake, kwenye karatasi mbili, nimeyakariri njia nzima.

Mzee mmoja asiye na haraka aliinua mkono. "Umeandika ng'ombe ni mzee. Umemwona barabarani anapita. Ulijuaje ni mzee?"

Halikuwamo kwenye yale thelathini na mawili.

"Alifungua mdomo," nikasema. "Nikaona meno ya juu ya mbele yote yameng'oka."

Halafu mzee wa pili akarudia polepole, "Meno ya juu?" na uwanja mzima ukaangua kicheko.

"Ng'ombe wa wapi mwenye meno ya juu mbele?"

"Binti, hanaga hayo tangu azaliwe!"

"Kwenu wapi wewe?"

"Mugango," nikasema, uso unawaka.

"Aaa! Mwacheni huyu, ni mtu wa dagaa. Huenda alimwona kambare akadhani ni mtamba!"

Hakuna kitu ninachokiogopa duniani kama kukosolewa mbele ya watu kwa jambo ambalo mtoto mdogo analijua. Nilitaka kupasuka. Na wakati nimesimama pale nikichekwa, nikaona mabega ya yule mama kule ghalani yanatikisika, kichwa kimeinama, na nikaelewa kwamba wamenisadiki.

Shemeji peke yake hakucheka sana. "Sawa, hajui ng'ombe. Lakini huyu wa kitabuni na yule wa mdogo wangu ni pacha. Twendeni zizini tukamtazame, kitabu mkononi." Akasimama.

Ndipo mume akaongea kwa mara ya kwanza. "Hayupo."

"Yuko wapi?"

"Nilimuuza."

"Yule? Si ulisema atafia kwako?"

"Nilibadili." Hakuinua macho kwenye kijiti. "Mnada uliopita."

Walimtazama wote. Mzee asiye na haraka akasema bila ng'ombe hakuna cha kulinganisha, na uji unapoa. Kikao kikaisha hivyo. Niliambiwa nisiandike tena vitu nisivyovijua, niandike samaki.

Tulipofika barabarani nilimwuliza Mzee Magesa mnada uliopita ulikuwa lini. Akanitajia. Ilikuwa wiki ileile kitabu kilipofika kijijini, kabla shemeji hajasomewa.

"Kwa hiyo alijua kabla ya wote," nikasema. "Amemuuza kwa hasira. Anangoja tuondoke. Atamfanyia mwenyewe kimyakimya."

"Wewe," akasema Mzee Magesa, "hata mvua ikinyesha unaulizaga imetumwa na nani."

Tulikata ukurasa wa sitini na moja kwa wembe kwenye kila nakala iliyobaki ofisini, tukabandika mwingine wenye ng'ombe wa neno moja. Kazi hiyo niliifanya mimi, nakala kwa nakala, na Mama Prisca hakunisaidia wala sikutaka anisaidie. Tangu hapo tukaweka sharti ambalo nyinyi mtalikuta ukutani: hakuna sura inayokwenda Bunda kabla ya kusomwa na mfugaji, mvuvi na fundi cherehani. Kila mmoja anajua kitu ambacho kinamtaja mtu bila jina. Fundi alishatuzuia mara moja kwa sababu ya mshono wa gauni.

Lakini kule Butiama kitabu kiliitwa hadithi za binti wa dagaa. Wanawake wawili waliokuwa wametusimulia maisha yao humo waliacha kunisalimu. Mmoja nilikutana naye sokoni. "Mimi sikutunga," akaniambia, akaendelea kuchagua nyanya. Sikuwa na haki ya kumjibu, maana jibu lenyewe lingemfichua mwenzake. Bado sina. Mkiwakuta, Happy na Rejina, msinitetee.

Kuhusu yule mume, nilimngoja. Kila mwezi nilitafuta kisingizio cha kuuliza habari za pale nyumbani. Kapigwa? Hapana. Kafukuzwa? Hapana. Kaoa mwingine? Hapana. Binti alimaliza ushonaji, akaanza kazi, hakuna aliyemfuata. Miaka ikapita bila kitu, na mtu kama mimi hakuna kinachomnyima raha kama miaka kupita bila kitu.

Mwaka huu alifariki, kwa maradhi ya kawaida. Mimi na Mama Prisca tulienda kuhani. Binti alikuwepo, mtu mzima, anagawa sahani za wageni, na shemeji mzee alimwita kwa jina lake akaomba maji. Baadaye yule mama aliniita jikoni. Akasema sasa naweza kuandika, kama bado naandika. Nikamwambia ndiyo kwanza naacha.

"Basi andika kabla hujaacha."

Nikauliza swali nililolibeba tangu siku ya kikao. "Mama, alijua?"

"Sikumwuliza."

"Hata siku moja?"

"Na yeye hakuniuliza."

"Sasa niandike nini? Kwamba alijua akakuficha? Au alihitaji tu kuuza ng'ombe mzee? Siwezi kuandika kitu nisichokuwa na uhakika nacho."

Alikuwa anasonga ugali. Alisonga mpaka ukaiva, akaufunika, ndipo akanigeukia.

"Nyie watu wa vitabu, mna shida," akasema. "Andika alichofanya. Aliamka kabla yangu. Akamtoa yule ng'ombe peke yake, na aliyempenda kuliko sisi wote pale nyumbani alikuwaga yeye. Akaenda naye kwa miguu mpaka mnadani. Jioni akarudi na kamba mkononi, akasema ana njaa."